Kengele Iliyotutangulia Empakaai

Ninyi mnaosomea kuongoza wageni hapa Karatu, mkija kunisalimu huwa mnaniuliza kuhusu simba. Kila mwaka ni simba. Nawajibu kwamba katika miaka yangu yote ya kutembeza watu kwa miguu kutoka Nainokanoka hadi Engaresero, simba nimewaona mara tatu tu, na mara zote tatu waliondoka wao kwanza. Kilichowahi kunitisha mimi ni ukungu. Magoti yangu yameshakataa mlima na sasa mnaokwenda ni nyinyi, kwa hiyo kaeni niwasimulie ukungu wa asubuhi moja.

Mimi nilianza kama mpishi. Nilipopata cheti cha kuongoza wageni, mama yangu, ambaye Kiswahili alikijulia ukubwani, aliwatangazia majirani kule bombani kwamba binti yake sasa ni gaidi. Alimaanisha lile neno la Kizungu la muongozaji. Ilinichukua wiki nzima kuwatuliza watu, na mchungaji wetu alikuja nyumbani kuuliza kwa upole kama kuna tatizo.

Kampuni iliyonichukua ilikuwa ndogo, ya safari za bei nafuu. Bei nafuu maana yake hakuna gari linalowafuata, hakuna hema la kulia chakula, na kiti ni jiwe utakalolikuta. Kuna punda watano, mwenye punda, askari wa hifadhi na bunduki yake, na mimi, mpishi na muongozaji katika mtu mmoja. Safari ni ya siku nne: Nainokanoka, Bulati, ukingo wa kreta ya Empakaai, halafu Naiyobi, na mwisho unateremka hadi Engaresero, ambako joto linakupokea kama umefungua tanuri. Mgeni asiye na fedha nyingi ndiye mgeni mzuri. Anakula dagaa bila kuuliza na hema anakunja mwenyewe.

Mwenye punda alikuwa Mzee Loserian wa Nainokanoka, Mmasai mrefu aliyetembea kama hana haraka na bado tulikuwa hatumfikii. Yeye ndiye aliyenifundisha kazi, wala si chuo. Katika safari yangu ya kwanza nilifunga galoni la mafuta ya taa juu ya gunia la unga. Siku ya pili tulikula ugali unaonuka taa. Mzee Loserian alimaliza wake wote, akanawa, akaniambia nimewasha matumbo ya watu. Hakunisema tena zaidi ya hapo, lakini kesho yake alinifundisha kupanga mzigo upya, kamba kwa kamba. Alinifundisha pia kugeuka. Kila baada ya mwendo kidogo, alisema, geuka nyuma uangalie njia inavyoonekana kwa mtu anayerudi, maana njia ya kwenda na ya kurudi hazina sura moja. Soksi mbichi kaushia tumboni, chini ya shati. Uji utie chumvi, si sukari tu, mtu akiwa analowa jasho. Na kila mkisimama, hesabu watu kwa kuwagusa, si kwa macho.

Sasa hiyo asubuhi.

Ilikuwa mwezi wa sita, baridi ya kukata masikio. Nilikuwa na wageni wawili. Mmoja aliitwa Tomasi, kijana wa Ulaya mwenye ndevu nyekundu, mpole, aliyebeba simu yenye ramani ya njia zote za dunia. Mwingine alikuwa Mwalimu Tabea kutoka Singida, mwalimu mstaafu wa shule ya msingi, mama wa makamo yaliyopita, mwembamba, mwenye kofia ya sufu aliyoifuma mwenyewe. Alikuwa amewafundisha watoto jiografia ya nchi hii maisha yake yote bila kuyaona aliyoyafundisha, na alipostaafu akasema atakwenda kuyakagua. Watoto wake walimwona amechanganyikiwa. Alikuja hivyo hivyo.

Tulilala Bulati. Asubuhi askari wetu aliamka na tumbo la kuendesha. Alikuwa anaingia vichakani na kutoka, uso umesinyaa. Kanuni inajulikana, na nyinyi mmeshaikariri: hakuna mtu kutoka kambini bila askari. Lakini Tomasi alitamani sana kufika Empakaai kabla mawingu hayajaifunika kreta, akawa anatazama angani kila dakika. Askari akasema nimwache apumzike kidogo, atakuja na Mzee Loserian na punda, watatufikia njiani. Ilikuwa kawaida punda kutupita. Punda aliyefungwa mzigo vizuri anakwenda haraka kuliko mgeni, na kila siku kabla ya saa nne tulikuwa tunasikia kengele zao nyuma, halafu ubavuni, halafu mbele. Nikaona hakuna ubaya. Njia hii naijua, nikajisemea. Nikawachukua wageni wangu tukaondoka.

Hilo ndilo kosa, na nalisema mapema ili msilitafute kwingine.

Tulitembea saa nzima kwenye nyasi za juu, jua likiwa dogo na jeupe. Halafu ukungu ukaja. Watu wanadhani ukungu unashuka. Kule unapanda. Unatoka ndani ya kreta, unamwagikia ukingoni na kutambaa juu ya nyasi ukikujia miguuni. Kwanza nilipoteza buti zangu. Kisha nikapoteza mlima. Muda mfupi baadaye nilikuwa namwona Tomasi kama kivuli na Mwalimu Tabea kama kofia.

Sauti nazo zikabadilika. Nilikohoa, na kikohozi kikanirudia kutoka upande nisioutarajia. Wale ndege wadogo wa nyasi walikuwa wamenyamaza wote kwa pamoja. Niliwashika wageni mabegani, nikawahesabu, wawili. Nikawaambia tusimame tusubiri.

Ndipo tukasikia kengele. Kengele ya punda, ile ya bati, kavu, tok, tok, mbele yetu kidogo, upande wa kushoto. Nilishusha pumzi. Mzee Loserian ametupita kwenye ukungu bila kutuona, nikawaambia, na sasa kazi imekuwa rahisi, tunafuata kengele tu. Tomasi akatazama simu yake, akafurahi. Alinionyesha: kidoa cha buluu, ambacho ni sisi, kimekaa juu ya mstari mwembamba, ambao ni njia, na kengele inalia kule kule mstari unakoelekea. Ningetaka ushahidi gani zaidi? Sikio linasema huku, simu inasema huku. Tukaenda, Tomasi mbele na simu yake.

Tulikwenda muda mrefu. Mwalimu Tabea alikuwa nyuma yangu, na kila baada ya mwendo alikuwa anasimama kufunga kamba za viatu. Mara ya kwanza nilimsubiri. Mara ya pili nilimsaidia. Mara ya tatu nilianza kukereka, maana kamba nilikuwa nimemfungia mwenyewe kwa fundo la mzigo, fundo ambalo halifunguki. Mara ya nne nilimwambia, kwa heshima lakini kwa ukali kidogo, kwamba tukizidi kuchelewa tutaipoteza kengele.

Alikuwa ameinama, mkono uko kwenye kiatu, lakini vidole havifanyi kitu. Alikuwa anasikiliza.

Tukaendelea hatua kama hamsini hivi. Ardhi ilianza kubadilika chini ya buti, kutoka nyasi kuwa tope laini jeusi, na hewa ikaanza kuja usoni ikiwa na harufu ya majani yaliyooza na maji. Ilibidi nijue. Mtu aliyepita pale miaka yote ile ilibidi ajue harufu ya kreta. Lakini nilikuwa nafuata kengele, na mtu anayefuata kitu hanusi.

Mwalimu Tabea alikaa chini. Hakuanguka, alikaa, matakoni, kwenye tope, kama mtoto aliyegoma.

Nikarudi kumwinua. Alinishika mkono akanivuta kwake mpaka masikio yetu yakakaribiana.

"Tukisimama, inasimama," alisema. "Nimeijaribu mara nne. Mdogo wangu, ile kengele inatungoja."

Nilitaka kumwambia ni bahati tu, ni punda anakula nyasi. Lakini tulikuwa tumesimama, na kengele ilikuwa kimya.

Tomasi hakuelewa Kiswahili lakini alielewa uso wangu. Nilimwonyesha ishara asisogee. Tulikaa wote watatu kwenye tope, tumeshikana mikono kama watoto wa chekechea wanaovuka barabara. Sijui tulikaa kwa muda gani. Mimi ni Mwiraqw na ni Mkristo, nimebatizwa na kuimba kwaya, na niliomba sala zote ninazozijua. Halafu nikawakumbuka wale wakaaji wa kwenye maji ambao bibi yangu alikuwa akituonya tusiwaitikie, nikawaomba na wao, kimoyomoyo, watuache. Nawaambia ukweli. Ukiwa kwenye ukungu ule huchagui.

Mara kengele ililia tena. Safari hii ilikuwa taratibu, mara mbili, mbele pale pale. Kama mtu anayegonga mlango wa jirani anayejua yuko ndani. Mwalimu Tabea alinibana vidole. Hakuna aliyenyanyuka.

Kisha upepo uligeuka, na ukungu ukafunguka.

Mbele ya buti za Tomasi nyasi ziliendelea hatua mbili, tatu hivi, halafu hapakuwa na kitu. Chini kabisa, chini mno, niliona ziwa la kreta na alama ya pinki pembeni yake, ambayo ni flamingo. Ukingo ulikuwa umekatika wima kama mkate. Mizizi ilikuwa inaning'inia hewani. Hapakuwa na punda, wala mahali ambapo punda angeweza kusimama.

Tomasi alitazama kwa muda, akaniuliza kwa Kiingereza, kwa sauti ndogo, kama hapa ndipo mahali pa kutazamia kreta. Nikamjibu ndiyo. Nikamwambia hapa ndipo pa kupigia picha, lakini asisogee zaidi. Akatoa simu akapiga picha. Mwalimu Tabea alinitazama, akayageuza macho.

Tuliwasikia Mzee Loserian na askari wakiita kutoka nyuma. Walikuwa wamefuata nyayo zetu. Askari alikuja mbio, rangi imemtoka, akiwa ameshasahau tumbo. Mzee Loserian alikuja taratibu, akiwa anatazama chini, na punda wake watano wakimfuata kimya. Alipofika hakutusalimia. Alitazama pande zote, akaniuliza:

"Mama Gwandu, punda wenu yuko wapi?"

Nikamwambia hatuna punda, tulikuwa tunafuata punda wake yeye, kengele zake zimetuongoza mpaka hapa. Akaenda kwa punda wa mwisho, akafungua gunia dogo, akanionyesha. Kengele zote zilikuwa ndani, zimejazwa nyasi. Alizivua alfajiri, alisema, kwa sababu aliona nyayo za fisi karibu na punda, na hakutaka waite fisi njiani.

Akanishika mkono, akanirudisha kwenye tope tulilopita. Ninyi mnafundishwa kusoma nyayo, basi sikilizeni hii. Buti yangu ilikuwa pale, naijua, kisigino cha kushoto kimelika. Pembeni kiatu kidogo cha Mwalimu. Na juu ya buti yangu, imeikanyaga katikati, kwato ya punda. Hatua chache mbele, tena. Juu ya nyayo zetu, si chini yake. Mzee Loserian alisema ameifuata tangu kule tulikoiacha njia. Punda mmoja, hana mzigo, maana kwato hazikuzama. Alikuwa anakuja nyuma yetu.

"Sisi tulimsikia mbele," nikamwambia.

"Nimekuelewa," alisema.

Kwato zilifika karibu kabisa na pale alipokaa Mwalimu, umbali wa mtu kunyoosha mkono mara tatu. Hapo ziligeukia pembeni kwenye nyasi nene, na nyasi nene hazitunzi nyayo. Askari alitaka kuzunguka kichakani kutafuta. Mzee Loserian alimkataza, na yule askari, ambaye nilimwona akimfukuza nyati kwa mayowe, alitii.

Baadaye niliwaza sana. Labda alikuwa punda wa mtu, amepotea, ameona watu akawafuata kwa kuogopa fisi. Tukisimama naye anasimama. Na sauti yake inapita juu yetu, inagonga ukuta wa kreta upande wa pili na kuturudia mbele. Kikohozi changu si kilifanya hivyo hivyo? Maelezo hayo ni mazuri na nimewapa watu wengi. Niliuliza Bulati, nikauliza Naiyobi, nikatuma salamu maboma yote ya pande zile. Hakuna aliyepoteza punda.

Tulifika kambini Empakaai mchana. Niliinjika chai, na chai ilipochemka nikawaita wageni wote wawili jikoni, maana yake mawe matatu, nikawaambia. Nilimwambia Tomasi kwamba pale hapakuwa mahali pa picha. Kwamba niliondoka bila askari kwa sababu nilitaka kumfurahisha, kwamba niliacha njia bila kujua, na kwamba hatua tatu zaidi tungekufa, yeye akiwa wa kwanza. Aliitazama ile picha kwenye simu, akaenda kukaa peke yake hemani, na mpaka jioni hakuzungumza na mimi. Alikuwa na haki.

Mwalimu Tabea alikunywa chai yake mpaka mwisho.

"Nilikuwa nangoja uyaseme," aliniambia. "Usingesema, kesho nisingekufuata."

Niliporudi Karatu niliandika yote kwenye ripoti, pamoja na kuondoka bila askari. Punda sikumwandika, ningeandika nini? Bosi wangu aliniondoa kwenye kuongoza, nikarudi kupika msimu mzima, nyuma ya mtu niliyemfundisha mimi mwenyewe kufunga mzigo. Kuna waliosema nilikuwa mjinga kuyaandika, mbona hakuna aliyeumia. Mimi nawaambia kwamba katika kazi hii hakuna anayekuona. Uko juu kule na watu wanaokuamini kwa sababu tu umetangulia. Siku utakapowadanganya wakaamini, utakuwa umeshawapeleka pabaya, hata kama njia ni tambarare.

Na mkiwa kwenye ukungu, kaeni chini. Hakuna aibu. Mwalimu aliyezoea vumbi la chaki alilijua hilo kabla yangu.

Nimebakiza jambo moja, la siku ya mwisho, tulipokuwa tunateremka kwenda Engaresero. Lile teremko ni la mawe na majivu, unaona volkano mkono wa kulia na ziwa Natron mbele limetandazwa kama shuka lililofuliwa. Tomasi alikuwa ameanza kuzungumza na mimi tena. Alinionyesha simu yake. Ule mstari wa njia alikuwa ameukuza: ulifika mpaka pale tulipokaa, na haukukata kona. Ulinyooka mbele, ukapita juu ya hewa ile tuliyoiona, ukaenda kukutana na njia yetu upande wa pili. Alisema ramani imekosea.

Nilimsubiri Mzee Loserian, nikamweleza. Alisema ramani haikukosea, ni ya zamani tu. Njia ya watu na mifugo ilikuwa inapita pale pale, kabla mimi sijaanza kazi. Kulikuwa na bega la mlima, pana, hata ng'ombe walipishana. Masika moja lilikatika lote asubuhi, kwenye ukungu, likashuka mpaka ziwani, ndipo watu wakahamishia njia kulia. Hivyo sisi hatukuwa tumepotea. Tulikuwa kwenye njia barabara. Mlima ndio ulioondoka.

Nikamuuliza kama kulikuwa na mtu juu ya lile bega lilipokatika.

Alimpiga punda wa mbele kofi la shingoni, akakaza kamba ambayo haikuwa imelegea. Tulishuka mwendo mzuri, mpaka nikadhani hakunisikia.

"Watu, hapana," alisema.

Sikumuuliza swali lililofuata. Nilikwenda mbele walikokuwa wageni wangu, nikawagusa mabegani mmoja mmoja, wawili, tukaendelea kushuka kuelekea kwenye joto.